Mjane Wangu Hakuwa Mchawi

Muongozaji alisema mjane lazima awe mchawi. Alisema huku anamenya chungwa, bila kuniangalia, na maganda akayaweka juu ya mswada wangu.

Tulikuwa watatu katika ofisi ile ya Dar es Salaam: yeye, mtayarishaji ambaye hakuinua macho kwenye simu yake, na mimi. Feni ilikuwa inazungusha joto tu. Nilikuwa nimeiandikia tamthilia yao kwa miaka kadhaa, na katika watu wote niliowatunga humo, mjane ndiye aliyependwa zaidi. Alikuwa mama wa makamo kutoka Rungwe, mwenye migomba na chai yake. Ndugu wa marehemu mumewe walitaka kumfukuza shambani, akakataa. Watazamaji walikuwa wanamsubiri. Siku moja sokoni nilimsikia muuza vitenge akimwambia mwenzake, "Jioni usinipigie simu, mama yangu ana kesi leo." Kesi yenyewe nilikuwa nimeiandika mimi, nimekaa kitandani na mafua. Sikujitambulisha. Nilinunua kitenge nikaondoka nacheka peke yangu.

"Watu wamemzoea," muongozaji akaendelea. "Tunahitaji mshtuko. Majirani wanavunja mlango wa chumba chake cha uani, wanakuta tunguri, wanakuta mifupa. Kumbe aliyemuua mume ni yeye mwenyewe. Nchi nzima itaongea."

"Akiwa mchawi," nikamwambia, "basi wale mashemeji walikuwa na haki ya kumfukuza."

"Ndiyo utamu wenyewe!"

"Hakuna utamu hapo. Huo ni uongo wanaosingiziwa wajane ili wanyang'anywe mashamba. Unataka tuuthibitishe kwenye televisheni?"

"Dada yangu, hii ni burudani. Hatuendeshi semina hapa. Andika, au nimpe mwingine aandike."

"Mpe mwingine. Na jina langu litoke."

Hapo ndipo mtayarishaji alipoinua macho. Akaniambia nisiwe na hasira, niende nyumbani nikapumzike, tutaongea Jumatatu. Nikamwambia sina hasira, nimeacha kazi. Nikauchukua mswada wangu, nikakung'uta maganda ya chungwa mezani kwao, nikatoka.

Huenda ilionekana kama ujeuri wa siku moja, lakini haikuwa hivyo. Mimi nilizaliwa Masukulu, nikakulia Tukuyu mjini. Nilianza kwa kuandika maigizo ya Krismasi kanisani, nikaandika michezo ya redio Mbeya, ndipo nikashuka Dar kutafuta televisheni. Kila nilipofika nilikuta mtu wa kwetu ameshawekewa nafasi yake: msichana wa kazi, mlinzi anayesinzia, au bibi mwenye hirizi. Mwanzoni kabisa muongozaji yule alitaka mjane atamke "samba" badala ya "shamba" ili watu wacheke. Kwetu watu wazima wengi waliolelewa kwa Kinyakyusa wanasema hivyo kweli, samba, na hakuna anayecheka, maana wote wanajua wanazungumzia mali. Nilimwambia muongozaji kwamba mjane aseme "samba" siku anapoapa mbele ya baraza, siku ambayo hakuna mtu atakayethubutu kucheka. Alikataa. Basi mjane wetu akazungumza kama mtangazaji wa habari, na mimi nikalimeza hilo. Hili la uchawi halikumezeka.

Na kulikuwa na sababu nyingine. Mjane alikuwa na mwenyewe.

Mama yangu mdogo anaishi Masukulu. Mume wake alifariki mimi nikiwa sekondari, na matanga yalikuwa hayajaondolewa wakati shemeji yake mkubwa alipokuja na mtu wa kupima mipaka. Nilikuwepo. Tulikuwa tunaosha masufuria nyuma ya nyumba. Mama mdogo alifuta mikono, akaenda akasimama katikati ya mistari ya chai, akamwambia shemeji, "Pima. Ukimaliza nipime na mimi, maana hapa nitatoka kwa jeneza." Kesi ilikwenda hadi baraza la kata, na alishinda. Alilea watoto watatu kwa chai na ndizi za shamba lile. Nilipopata kazi ya tamthilia nilipanda basi hadi nyumbani kumuomba ruhusa ya kutumia habari zake. Alifikiri kidogo, akasema, "Andika. Wengine wasikie kwamba inawezekana."

Wale wa tamthilia waliandika wenyewe, bila mimi. Chumba cha uani kikavunjwa, tunguri zikaonekana, mjane akapiga magoti akakiri kwa sauti ya kutisha. Niliangalia kwa jirani, maana mimi nilikuwa nimeshauza televisheni yangu ili nipate kodi. Mwishoni majina yakapita, na la kwangu likiwemo.

Nilimpigia muongozaji papo hapo.

"Jina langu linafanya nini pale?"

"Mkataba unasema mtunzi ni wewe."

"Mimi sikutunga ile takataka."

"Utanishukuru," akasema. "Umekuwa maarufu."

Ilichukua wiki kadhaa za kuwasumbua mpaka jina likatoka. Wakati huo madhara yalikuwa yameshafika Masukulu kabla yangu. Kule kila mtu alijua kwamba mjane wa kwenye televisheni ni mama mdogo, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa amewaambia kwa fahari. Dada yangu alinipigia, akaniambia wanawake bombani wananyamaza mama mdogo akifika. Akaniambia kuna mtu amerusha mawe juu ya bati lake. Na shemeji, yule yule wa kupima mipaka, sasa mzee mwenye fimbo, alikuwa amesema kilabuni, "Mimi nilisema tangu zamani. Hata aliyezaliwa na dada yake amesema, tena mbele ya nchi nzima."

Kwetu neno mchawi si la mchezo. Mwanamke mzima akishaitwa hivyo, mambo yanaweza kwenda haraka. Nilifunga vyumba vyangu viwili vya Dar, nikagawa nilichoweza kugawa, nikapanda basi.

Nilifika Tukuyu mvua inanyesha. Kwani kuna siku hainyeshi? Nilichukua bodaboda moja kwa moja hadi Masukulu, begi langu limefungwa kwa mpira nyuma. Nilimkuta mama mdogo anakata majani ya ng'ombe, kanga imefungwa kichwani, buti miguuni.

"Ugonile, mama," nikamsalimu kwa lugha yetu.

Aliitikia, akaniangalia kutoka kichwani hadi viatuni. "Umekonda. Dar hawapiki?"

Nilianza kumweleza yaliyotokea ofisini, mkataba, jina. Aliendelea kukata majani. Nilipomaliza akasema, "Mimi najua hukuandika wewe. Yule mama wa mwisho alikuwa anapiga magoti. Wewe umewahi kuniona nimepiga magoti nje ya kanisa?"

"Sijawahi."

"Basi. Sasa tunafanyaje?"

Lile "tunafanyaje" lilinisimamisha wima. Wakati napanda basi nilidhani naenda kumfariji. Nikamwambia jambo ambalo hata mimi nilikuwa sijalimaliza kichwani: tutaitengeneza filamu yetu wenyewe, hapa hapa, na mjane atakuwa yeye.

"Mimi niigize?"

"Ndiyo, mama."

"Kwenye samba langu?"

"Kwenye shamba lako."

Alisimika mundu ardhini. "Waje waone basi," akasema.

Mpiga picha nilimpata mjini Tukuyu. Alikuwa anapiga picha za video za harusi na vipaimara, ana duka dogo karibu na stendi. Babu yake alikuja kutoka pwani kushona kanzu na suti, akabaki, na mjukuu anaongea Kinyakyusa kuliko wengi wa rika lake. Nilimweleza hadithi nzima tumesimama mlangoni kwake. Nilipofika kwenye mawe juu ya bati, aliingia ndani, akarudi na kamera mbili, akaniuliza ipi inafaa kwa ukungu. Alikuwa na sharti moja tu, kwamba tusimame kwa swala. Mama mdogo naye alikuwa na lake: Jumapili hapigwi mtu picha. Tulipanga kazi kati ya masharti hayo mawili na mvua.

Kabla hatujaanza, shemeji alikwenda kushtaki kwa mwenyekiti wa kijiji kwamba tunaudhalilisha ukoo. Tukaitwa. Ofisi ya kijiji ilijaa, wengine wakasimama nje madirishani. Shemeji aliongea kwanza, kwa utulivu, mtu anayejua kuongea. Alisema mambo ya ukoo ni ya ukoo, na kwamba mimi ni mtoto wa mjini niliyeshindwa na mji, nimerudi kuwauza wazee wangu. Watu kadhaa wakaitikia kwa vichwa.

Nilisimama. "Ni kweli nimerudi," nikasema. "Huko nilikotoka walitaka niandike kwamba mama huyu ni mchawi. Nikakataa, nikakosa kazi. Aliyeandika hamjui mama huyu, hajui Masukulu, hajawahi kuchuma chai hata jani moja. Ninyi mnamjua. Amewapikia kwenye misiba yenu. Mtu yeyote hapa aliyewahi kuugua kwa sababu ya chakula chake, asimame aseme."

Hakuna aliyesimama. Mwanamke mmoja nje ya dirisha akacheka, akajifunika mdomo.

Mama mdogo hakusubiri kupewa nafasi. "Shemeji," akasema, "wewe unaogopa nini? Hakuna jina lako humo. Kama hukufanya kitu, utaangalia utafurahi. Kama ulifanya, si mimi niliyekutuma."

Mwenyekiti alijaribu kuficha kicheko akashindwa. Akaamua filamu ifanyike kwenye eneo la mama mdogo mwenyewe, kusiwe na jina la mtu, na kamera isikanyage mpaka wa shemeji. Tulitii mpaka ule kuliko sheria zote. Tulifunga kamba.

Kuandika kwa ajili ya watu wanaojua kuigiza ni kazi moja. Kuandika kwa ajili ya mama yako mdogo ni nyingine kabisa. Nilimsomea mistari yake jikoni, akaikataa karibu yote.

"Mimi sikusema hivi," alisema.

"Najua, mama. Huyu ni mjane wa kwenye filamu."

"Kwa hiyo ana mdomo wa nani?"

Tulibishana siku nyingi. Maneno ya mbele ya baraza alitaka yawe marefu, kama alivyoyasema kweli, pamoja na historia ya babu wa mume wake na ng'ombe walioibwa. Nikamwambia mtazamaji atalala. Akanuna, kesho yake akakubali kuyakata. Lakini pale anapoambiwa mume amefariki, nilikuwa nimemwandikia kilio kirefu, na yeye akasema siku ile alikwenda kufunga mbuzi kwanza kwa sababu walikuwa wanakula mahindi ya watu. Niliufuta ukurasa mzima. Tulipiga picha anafunga mbuzi. Mpiga picha, ambaye ameshaona maharusi wengi wakilia mbele yake, aliomba tusimame kidogo, akaenda kukaa nyuma ya migomba.

Mvua ilitutesa. Sauti ya mvua juu ya bati ilikuwa inakula maneno yote, tukaacha kupiga picha za ndani, tukahamia nje chini ya turubai. Kamera tuliifunika kwa majani ya mgomba. Ukungu ulikuwa unashuka ghafla, shamba lote linapotea, tunabaki tunasikiliza tu ng'ombe. Majirani walianza kuja. Kwanza walikuja kushangaa, kisha wakaja kuigiza, na mwishowe wakaanza kunikosoa. Yule mwanamke aliyecheka dirishani akawa jirani wa mjane katika filamu, na aligoma kuwa jirani mbaya. Kumpata mtu wa kuigiza shemeji ilikuwa shida. Hatimaye alikubali mwalimu mstaafu kutoka Suma, mpole kuliko wote, na alikuwa anaomba radhi kwa mama mdogo kila akimaliza kumfokea.

Tuliionyesha mara ya kwanza Jumamosi mchana, katika ukumbi wa kukodi mjini Tukuyu, shuka jeupe limetundikwa ukutani. Masukulu walikodi lori. Mama mdogo alivaa kitenge kipya, akakaa mstari wa mbele na mkoba magotini. Kwenye baraza, alipoonekana akisema "Samba hili ni langu," nilishika kiti changu kwa mikono miwili. Niliogopa kile kicheko ambacho muongozaji alikuwa anakitaka. Hakuna aliyecheka. Mwanamke mmoja nyuma alijibu kwa sauti, "Ni lako, mama!" na ukumbi mzima ukapiga makofi, wengine wakasimama.

Shemeji alikuja. Alikaa pembeni, fimbo kati ya magoti, akaondoka kabla haijaisha. Hajawahi kuniambia neno juu ya filamu ile. Mawe juu ya bati yalikoma, ingawa siwezi kusema kila kitu kilikoma. Kuna jirani mmoja ambaye hadi leo akipewa chai na mama mdogo anasema ameshiba. Mama mdogo anaendelea kumkaribisha kila mara, makusudi kabisa.

Kituo kimoja cha televisheni kilisikia habari zetu, kikaomba kuiona. Mhariri wao alinipigia, mtu mwenye adabu nzuri.

"Hadithi ni nzuri sana," akasema. "Tatizo ni lafudhi. Tungependa tuweke sauti nyingine juu ya mama yule. Tunaye msanii mzuri, Kiswahili chake kimenyooka."

"Cha mama kimepinda wapi?"

"Hapana, dada, usinielewe vibaya. Watazamaji wa mikoa mingine..."

"Walielewa ukumbini."

"Ukumbini walikuwa watu wenu."

"Watu wetu hawaruhusiwi kuangalia televisheni?"

Akasema nifikirie. Nikamwambia nimeshafikiri. Filamu ikakaa kwangu. Rafiki zangu wa Dar waliniambia nina kichwa kigumu, kwamba watu huingia mlango ukifunguliwa hata nusu. Labda wao wako sahihi kwa maisha yao. Mimi nilikuwa nimeshapita mlango wa namna hiyo mara moja, na yaliyotokea Masukulu niliyaona kwa macho yangu.

Zilipita mvua za masika na baridi yake ndipo kituo kingine kikaichukua, nzima nzima, pamoja na samba, pamoja na mbuzi. Ilionyeshwa mara moja tu, Jumapili mchana, saa ambayo watu wengi wanakula. Nchi nzima haikuongea. Lakini wiki ile mama mdogo alipigiwa simu na mwanamke wa Kilosa, aliyepata namba yangu kituoni akaniomba ya mama. Mashemeji walikuwa wamempa mwezi mmoja ahame. Waliongea muda mrefu, mama mdogo amekaa kizingitini, ananyooshea kidole watu ambao yule mwanamke hakuweza kuwaona. Nilimsikia akimwambia, "Usitoke. Ukienda kulala kwingine hata siku moja, wanaingia. Nenda baraza la kata, na uende na mashahidi wanawake."

Muongozaji naye alipiga. Watazamaji walikuwa wamepungua, akaniambia, nirudi niwasaidie, tusahau yaliyopita. Nilimuuliza kama atasema hadharani kwamba ule mwisho haukuwa wangu. Akasema hilo ni gumu. Nikamwambia basi na kurudi ni kugumu, tukaagana vizuri.

Sasa naandika nikiwa Tukuyu, chumba cha uani nyumbani kwa dada yangu. Umeme unakatika, naandika kwa mkono, ukirudi nachapa. Kwenye harusi za ukoo wajomba huniuliza nitarudi lini kazini, nawajibu kwamba nipo kazini hata sasa, nawasikiliza wao. Hawapendi jibu hilo. Vijana wawili wa redio ya mjini wananiletea miswada yao Jumatano, na nikikuta humo mwanamke mzee mwenye hirizi nawauliza wanamjua kwa jina, anaishi wapi, amemla nani. Mmoja alikasirika akaacha kuja. Akarudi baada ya mwezi, mwanamke wake mzee amekuwa na mgogoro na wakala wa mbolea.

Filamu ya pili inahusu wakulima wa viazi wa Isongole. Mtayarishaji mmoja wa Dar aliyesoma mswada anataka niongeze mapenzi na mzimu. Mapenzi yamo tayari, ya mume na mke wa miaka sitini wanaogombana juu ya mbegu. Mzimu nimemwambia hakuna. Kesho asubuhi mpiga picha na mimi tunapanda na bodaboda kwenda kuangalia shamba lenyewe kabla hawajaanza kuvuna, na tumebeba makoti, maana kule baridi haina utani.